Gata linafurika: kabla ya kununua kubwa zaidi, angalia bomba limekaa wapi

Mkuu, umesema upande wa mbele wa paa ni mita 12 kwa 4.5 ukipima chini kwenye ardhi, kofia (kilele cha paa) iko mita 1.2 juu ya gata, gata ni nusu duara la milimita 125, na bomba la kushusha maji ni moja, liko kwenye kona. Mvua ikikaza, maji yanamwagika ukutani, na fundi anataka uweke gata la 150. Usinunue bado.

Milimita 1 ya mvua kwenye mita 1 ya mraba ni lita 1. Chukua eneo, zidisha kwa ukali wa mvua (milimita kwa saa), gawanya kwa 3600, unapata lita kwa sekunde. Wengi hukosea kwenye ukali: wanatumia mvua ya siku nzima, wakati gata huzidiwa ndani ya dakika 5 tu. Omba takwimu za dakika 5 kwa watu wa hali ya hewa. Hapa nitatumia milimita 150 kwa saa. Eneo lako ni mita za mraba 54, ongeza nusu ya eneo la wima (urefu wa paa mara kimo cha kofia) kwa sababu ya mvua ya upepo: 12 × 1.2 ÷ 2 = 7.2. Jumla 61.2, yaani lita 2.55 kwa sekunde.

Gata la nusu duara lililolala sawa, bomba likiwa mwisho mmoja, hubeba takriban lita 0.78 kwa sekunde likiwa la milimita 100, 1.37 likiwa la 125, na 2.16 likiwa la 150. Umeona? Hata hilo la fundi lingefurika. Sasa hamishia bomba katikati. Kila nusu ya gata inabeba 1.275 tu, na gata ulilonalo linatosha. Tundu la katikati, pale gata linapomwaga kwenye bomba, linapokea pande zote mbili, kwa hiyo weka la 100, si la 75. Bomba lenyewe halina shida: la 100 lililosimama wima hupitisha lita 10 hivi kwa sekunde likijaa theluthi tu. Penye kubana ni mdomoni. Ndiyo maana wavu wa kuzuia majani uwe wa kuba, ulioinuka. Wavu bapa huzibwa na majani mawili.

Mteremko: 1 kwa 300 kuelekea katikati, yaani milimita 20 kwa kila mita 6. Vuta uzi kwanza, kisha funga breketi zisizoachana zaidi ya mita 1, na moja karibu na kila kiungo. Mafundi wengine huongeza mteremko wakidhani wanasaidia. Upande wa bomba gata linashuka mno chini ya bati, na maji yanaruka juu yake. Bati liingie ndani ya gata milimita 50 hivi. Likiishia ukingoni, maji hurudi kwa chini na kuozesha fisha bodi (ubao ambao gata limefungwa). Mdomo wa mbele uwe chini kidogo kuliko wa nyuma, ili likifurika lifurikie nje.

Kama ni la plastiki, kumbuka kipande cha mita 4 hurefuka kama milimita 7 joto likipanda nyuzi 30. Viungo vya raba vina alama ya mahali pa kuishia. Ukisukuma hadi mwisho, jua litapinda gata au kung'oa kiungo.

Na aliyeuliza kuhusu paa la kuficha (lililozungukwa na ukuta unaolificha), tafadhali usitegemee tundu moja la kutolea maji. Maji yakisimama milimita 100, ni kilo 100 kwa kila mita ya mraba. Weka matundu mawili au zaidi, na juu yake kidogo toboa ukuta utie bomba la dharura, lililo chini ya pale bati linapopanda ukutani. Lichomoze mahali linapoonekana, juu ya mlango kwa mfano: likianza kutiririsha maji, panda ukazibue matundu ya kawaida.