Maswali na majibu: Bendera zilizopepea juu ya vichwa vyetu

Desemba 9, siku ya uhuru wa Tanganyika, inakaribia, na maswali yaliyonifikia safari hii karibu yote ni ya bendera. Wameuliza walimu, ameuliza muuza duka, na moja limetoka kwa vijana waliobishana kijiweni Mafinga hadi wakashindwa kuamuana. Kamwene nyote, tuanze.

Mwalimu wa historia, Iringa Vijijini: Wanafunzi wananiuliza nchi yetu imepitia bendera ngapi. Kila nikihesabu napata jibu tofauti. Lipi sahihi?

Inategemea umesimama wapi, mwalimu wangu. Ukiwa Bagamoyo au Pangani hesabu inaanza mapema: bendera nyekundu tupu ya Sultani wa Zanzibar, kisha ya kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki, ile ya Carl Peters na wenzake, iliyokuwa nyeupe yenye msalaba mweusi. Mwaka 1891 serikali ya Ujerumani ikaichukua koloni mikononi mwake, na bendera ya dola lao ikatawala: nyeusi, nyeupe, nyekundu. Halafu Waingereza, halafu Tanganyika huru, halafu Muungano. Hizo ni sita.

Huku kwetu Nyanda za Juu Kusini mimi nahesabu nne. Sultani hakuwahi kutawala Uhehe wala Unyakyusa, ingawa misafara ya biashara ilipenda kuibeba bendera yake ilipoingia bara. Kampuni nayo iliishia kugombana na watu wa pwani kabla haijafika mbali. Bendera ya kwanza ya kigeni kukaa huku ni ya dola la Ujerumani, na haikukaa kwa hiari ya mtu. Ya pili iliingia mwaka 1916, majeshi ya Kiingereza ya Jenerali Northey yalipotokea Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini (Malawi na Zambia za leo), yakachukua Tukuyu mwezi Mei na Iringa mwezi Agosti. Waingereza walipopewa nchi hii kuiangalia kwa niaba ya Shirikisho la Mataifa, ikapata bendera yake: nyekundu, Union Jack kwenye kona, na kichwa cha twiga. Twiga ndiye pekee katika bendera ile aliyekuwa mwenyeji.

Ya tatu ni ya Desemba 9, 1961: kijani, nyeusi, kijani, zikitenganishwa na mistari myembamba ya dhahabu. Kijani na nyeusi zilitoka kwenye bendera ya TANU, chama kilichopigania uhuru. Siku hiyo hiyo Luteni Alexander Nyirenda aliisimika kileleni Kilimanjaro pamoja na Mwenge. Ya nne ndiyo hii tuliyonayo.

Kwa hiyo wanafunzi wako wakisema nne, wape alama. Wakisema sita, wape alama na uwaulize wanaongelea mji gani.

Msomaji wa Kalenga: Marehemu babu alikuwa akisema vita ya Wajerumani ilianza kwa sababu ya bendera. Mimi nilisoma kwamba Mkwawa alikataa kodi na kufunga njia za misafara. Nani mkweli?

Wewe umesoma sawasawa kuhusu Mkwawa, mtawala wa Wahehe. Lakini usimtupe babu, kwa sababu kuna kisa anachokigusa, na mtu mmoja anaiunganisha Pangani ya pwani na Lugalo ya huku Uhehe.

Mwaka 1888 kampuni ya Kijerumani ilikuwa imepata kwa Sultani haki ya kusimamia pwani. Agosti mwaka huo mwakilishi wake aliyepelekwa Pangani alishikilia kwamba bendera ya kampuni ipandishwe mjini. Liwali wa Sultani akakataa. Kwa watu wa Pangani hilo halikuwa jambo la kitambaa. Bendera ya Sultani ilikuwa alama ya mamlaka waliyoyafahamu, na ile ya kampuni ilikuwa ya wafanyabiashara waliojifanya serikali. Ugomvi ukakua, pwani ikalipuka, na Abushiri bin Salim akaongoza vita ambayo kampuni ilishindwa kabisa kuizima. Ilibidi serikali ya Ujerumani ilete jeshi chini ya Hermann von Wissmann. Abushiri alinyongwa Desemba 1889.

Yule mwakilishi wa Pangani aliitwa Emil von Zelewski, na watu walimpa jina la Nyundo. Baada ya vita ya pwani alipanda cheo hadi kuwa kamanda wa jeshi la koloni, na mwaka 1891 akaja na msafara wake Uhehe. Agosti 17 alikutana na watu wa Mkwawa Lugalo. Hakutoka hai, na sehemu kubwa ya jeshi lake iliishia pale pale. Mnara wa kumbukumbu yao upo Lugalo, na abiria wengi wa mabasi ya Dar es Salaam wanaupita karibu bila kujua aliyelala pale ndiye aliyechokoza Pangani.

Kwa hiyo bendera haikuanzisha vita ya Wahehe. Ilianzisha vita nyingine, na mtu aliyeipandisha kwa ubabe akaja kufia kwenu. Wajerumani walirudi na mizinga, ngome ya Kalenga ikaanguka Oktoba 1894, na Mkwawa akapigana vita ya msituni mpaka Julai 1898.

Mama mwenye duka la vifaa vya shule, Mwanjelwa: Bendera ndogo ninazoagiza kwa ajili ya sherehe nyingine zinaonekana kinyume. Nitajuaje ipi imekosewa?

Dada yangu, usianze kwa kuangalia mstari mweusi, utakudanganya. Anza na upande wa mlingoti. Kijani ndiyo inayokaa upande wa mlingoti, juu. Bluu inakaa chini, upande unaopepea. Mstari mweusi wenye kingo za njano unapanda kutoka kona ya chini ya mlingoti hadi kona ya juu ya upande wa pili.

Sasa angalia ajabu yake. Ukiigeuza bendera yetu miguu juu kichwa chini, mstari unabaki umelala vile vile. Kinachobadilika ni kwamba bluu inapanda juu na kijani inashuka. Ndiyo sababu bendera iliyopinduliwa hukaa ofisini miezi na hakuna anayeshtuka, wakati ya Kenya ingepinduliwa watu wangepiga kelele asubuhi ile ile. Mara nyingi fundi ameshona vizuri kabisa ila kijiti kimetiwa upande usio wake. Hamisha kijiti, umemaliza.

Ukiona bendera kutoka nyuma, au stika ya kwenye kioo cha gari ukiwa umekaa ndani, mstari utaonekana umelala upande mwingine. Hiyo si kosa. Kosa ni pale mlingoti uko kushoto kwako na mstari bado unashuka kutoka juu kushoto. Hizo zirudishe kwa aliyekuuzia. Na kabla hujafikiria kuchapisha bendera kwenye bidhaa zako, ulizia kwanza: kuna Sheria ya Nembo za Taifa ya mwaka 1971, na matumizi ya kibiashara yanahitaji kibali.

Njombe: Nyeusi ni kumbukumbu ya mateso ya ukoloni?

Hapana. Ni watu wa nchi hii. Kijani ni ardhi na mimea, njano ni madini, bluu ni maji: bahari, maziwa na mito. Wana-Chunya njano yao, wana-Kyela bluu yao, na ninyi wa Njombe sina haja ya kuwaambia.

Mzee mstaafu, Tukuyu: Wazanzibari wana bendera yao na sisi Tanganyika hatuna. Ilikwenda wapi?

Shikamoo mzee. Haikwenda mbali, imo ndani ya hii. Muungano ulianza Aprili 26, 1964, na bendera mpya ikakubaliwa Juni 30. Kijani, nyeusi na njano zimetoka kwa Tanganyika. Zanzibar ya baada ya Mapinduzi ilikuwa na bluu, nyeusi na kijani, na bluu ndiyo iliyoletwa kuongezwa. Kuulaza mstari mshazari kulifanya pande zote mbili zipate nafasi bila mmoja kuwekwa chini ya mwenzake, na kwangu mimi huo ndio uamuzi wa busara kuliko yote katika kitambaa kile. Jina la Tanzania lenyewe lilikuja Oktoba 29 mwaka huo, kwa hiyo bendera ina umri mkubwa kuliko jina.

Zanzibar ilibaki na serikali yake, na mwaka 2005 ikajipatia bendera: bluu, nyeusi, kijani, na bendera ya Muungano kwenye kona. Tanganyika haina serikali yake, kwa hiyo hakuna ofisi ya kuipandishia. Tume ya katiba ya Jaji Warioba ilipopendekeza serikali tatu, yaani ya Muungano, ya Zanzibar na ya Tanganyika, mwaka 2013 suala hili lingefunguka tena, lakini pendekezo halikupita. Anayelalamikia bendera, kwa kweli analalamikia muundo, na ni haki yake.

Vijana wa kijiweni, Mafinga: Tumeona kwenye simu bendera ya Tanganyika ya Mjerumani yenye kichwa cha simba. Nusu yetu tunasema ni ya kweli, nusu tunasema ni ya kubuni.

Mmeshinda wote. Mwaka 1914 waziri wa makoloni wa Ujerumani, Wilhelm Solf, alitaka kila koloni liwe na alama yake, na Afrika Mashariki ikachorewa kichwa cha simba kwenye ngao, katikati ya bendera ya nyeusi, nyeupe na nyekundu. Michoro ipo. Agosti ikaja vita, na bendera yenyewe haikuwahi kutumika popote.