Deqa Dhalac hakwenda Washington, alienda Augusta

Kuna mnaosema Deqa Dhalac, yule mwanasiasa wa Marekani, aliacha umeya akaenda Kongresi, yani bunge la taifa kule Washington, na kuwatelekeza watu wa mji wake. Hapana mkuu, hajawahi kuwa kwenye Kongresi, alitoka udiwani wa mji wa South Portland akaingia bunge la jimbo la Maine, ambalo linakaa Augusta. Diwani 2018, meya Desemba 2021, uchaguzi wa Novemba 2022 akapata ubunge. Na umeya wenyewe pale hawapigi kura wananchi, madiwani saba wanachaguana wao kwa wao na ni wa mwaka mmoja mmoja, kwa hiyo ile ya "kawatelekeza watu wa mji wake" haina mashiko.

Nayajua haya kwa sababu nilikuwa naishi Portland, ukivuka daraja la Casco Bay tu uko kwao, vibao vyake vya kampeni vimechomekwa kwenye nyasi mbele ya nyumba za watu mpaka unachoka kuviona.

Nadhani mnamchanganya na Ilhan Omar, yule ndo alianzia bunge la jimbo kule Minnesota 2016 halafu 2018 akachaguliwa Kongresi. Wote asili yao Somalia ndo maana.

Ila msifananishe na diwani wetu anaeukwaa ubunge akahamia Dodoma na shangingi. Baraza la wawakilishi la bunge la Maine, ndiko aliko yeye, lina viti 151 kwa watu kama milioni moja na laki nne, yani mbunge mmoja ana watu elfu tisa hivi, kata moja tu ya Dar inamzidi, na kila miaka miwili anarudi kuomba kura upya.