Shangazi, naitaka ile saa ya Hermione

"Shikamoo Shangazi. Mimi ni dada wa miaka 31, naishi Mbagala. Ni karani wa hesabu kwenye ghala la vifaa vya ujenzi Kariakoo. Natoka nyumbani saa kumi na moja alfajiri, narudi saa mbili usiku, na Jumamosi nashinda chuoni. Naishi na mama, ana kisukari, kliniki nampeleka mimi. Nina kaka wawili, wanapiga simu kusalimia. Ni mweka hazina wa kikoba chetu, na mwezi uliopita nimechaguliwa mwenyekiti wa kamati ya harusi ya binamu yangu. Juzi mdogo wangu wa kidato cha tatu, ninayeishi naye, alinisimulia kitabu cha Harry Potter alichoazima shuleni, kuhusu yule msichana mwenye mkufu wa kurudisha saa nyuma. Shangazi, nililia. Sasa kila usiku nawaza: ningeupata nikauzungusha mara tatu tu! Ningefua, ningefunga mahesabu ya kikoba, ningewapigia wanakamati. Je, naanza kuchanganyikiwa? Sijamwambia mtu, watasema nadeka. Mchovu wa Mbagala."

Marahaba, mwanangu. Hujachanganyikiwa. Mkufu huo ungeuzwa pale kituoni kwenu saa kumi na moja alfajiri, foleni ingefika Rangi Tatu, na wengine wangeuchukua kwa mkopo.

Kitabu hicho nakifahamu, ni cha tatu katika mfululizo wa J.K. Rowling, kilitoka 1999. Nilikisoma kwa kuwaibia wanangu wakishalala. Mdogo wako amekusimulia vizuri, ila nadhani ameishia pale panaponoga, kwa hiyo ngoja nikumalizie.

Hermione, msichana mwenye huo mkufu, yuko shule ya uchawi na anataka kusoma kila somo lililoko. Ratiba yake ina vipindi vitatu vyote saa tatu asubuhi. Mwalimu wake, Profesa McGonagall, anamwombea wizarani kile kichupa cha mchanga cha kuvaa shingoni (wazee wa pwani walikiita shisha, kabla jina halijahamia kwenye moshi wa vijana). Ukikizungusha mara moja, unarudi nyuma saa moja. Anaapishwa asimwambie mtu, na wizara inaahidiwa kwamba atakitumia kwa masomo tu. Hata rafiki zake wawili hawaambii, na mwaka mzima wanabaki kushangaa huyu mwenzao anapitaje madarasa yote hayo.

Sasa mwangalie mwenye saa za ziada anavyoishi. Analalia kitabu mezani hadi kipindi kinampita, na kipindi chenyewe, kwa kejeli ya mwandishi, ni cha uchawi wa kumfanya mtu achangamke. Anagombana na rafiki zake. Anamzaba kofi mwanafunzi mwenzake (huyo alistahili, lakini tuyaache). Anasimama katikati ya somo la utabiri, anabeba mkoba wake na kuondoka moja kwa moja. Saa zilirudi nyuma, mwili haukurudi. Mwili uliendelea kuhesabu: leo huyu amekaa macho saa nyingi kuliko siku yenyewe.

Najua mdogo wako atasema kichupa kilimwokoa mtu. Kweli, mizunguko mitatu usiku mmoja, akaokoka Sirius Black, mfungwa asiye na hatia, pamoja na mnyama aliyepaa naye. Hiyo ilikuwa dharura ya usiku mmoja. Wewe unaitaka ya kila siku.

Na mwisho wa mwaka Hermione anafanya nini? Anakirudisha. Anaacha pia lile somo la maisha ya watu wasio na uchawi, ambalo mtihani wake alipata asilimia 320. Soma tena hapo. Hakuliacha kwa kulishindwa. Utabiri alikwisha kuuacha, hili nalo akalitoa, ili apate ratiba ya binadamu.

Barua yako nimeisoma mara mbili. Umejipa saa tatu za bure, za kichawi, hakuna anayekudai, na umezigawa kwa nguo, kikoba na kamati. Hukuandika "ningelala". Hukuandika hata "ningekaa na mama". Hapo ndipo niliposhika kichwa. Ukipewa huo mkufu leo, kesho kutwa utaniandikia unaomba wa pili, maana watu watakuona una nafasi na watakuchagua mwenyekiti wa harusi nyingine.

Kwa hiyo tutoe vitu. Chuo usiguse, hicho ndicho peke yake katika orodha yako kilicho chako.

Kikoba usikiache katikati ya mzunguko. Mweka hazina akiondoka ghafla, hata awe malaika, watu wataanza kuhesabu sanduku kwa macho. Toa taarifa kikao kijacho kwamba mkishagawana hutagombea tena, na siku ya kukabidhi daftari lisomwe mbele ya wote, na wenye funguo wawepo.

Kaka zako ndio kazi ngumu. Usiandike "jamani tusaidiane" kwenye kundi la familia; utapata vidole gumba viwili na aya ya kumwombea mama. Mpigie mmoja mmoja, umpe tarehe: "Kliniki ya mwezi ujao ni yako, njoo umchukue saa kumi na mbili asubuhi, kadi yake iko juu ya kabati." Asiyeweza kuja atume nauli na pesa ya mtu wa kumsindikiza. Akikuambia umebadilika, kubali.

Na wewe, siku moja nenda na mama kliniki ukapime sukari na wingi wa damu. Kisukari hutembea kwenye familia, na uchovu wa kumliza mtu kwa hadithi ya kusimuliwa si wa kuupuuza.

Nguo za mdogo wako afue mwenyewe. Mtoto anayemaliza riwaya nene ya Kiingereza anaweza kushika sabuni. Umwambie pia umechoka, kwa maneno hayohayo. Naye anaona, ndiyo maana katika kitabu kizima alichagua kukusimulia habari za mkufu.

Imebaki harusi. Mpigie binamu yako leo, kabla ya saa tatu usiku. Mwambie mchango wako uko palepale na siku ya sherehe utakuja umependeza, ila kiti cha mwenyekiti ampe mwingine. Atanuna. Ukikata simu, izime, ulale. Daftari la kikoba utalikuta asubuhi.

Shangazi