Muulize Mjomba: Mzee Ni wa Nani?

Wiki hii barua karibu zote zinahusu wazee, sijui ni kwa sababu msimu wa korosho unakaribia na watu wameanza kukumbuka kuwa babu zao bado wako hai. Nimechagua nne. Ya kwanza nimeijibu kwa kirefu kidogo, mnivumilie, imenigusa mwenyewe maana na mimi mvi zimeshafika masikioni.

SWALI: Shikamoo mjomba. Mi niko Newala. Mjomba wetu, kaka yake marehemu mama, amekaa Dar miaka 30 na kitu, sasa ana miaka 76 macho hayaoni vizuri, mwezi uliopita kaletwa na basi akiwa na begi moja tu. Watoto wake wako wanne hukohuko Dar, ukiwapigia wanasema "baba huko ndo kwao, nyie wapwa mpo". Sisi tunasema ana watoto wa kuwazaa, kwanini iwe sisi. Bibi mkubwa wa ukoo anatugombeza, anasema zamani hakukuwa na mzee wa kuhangaika, kila mzee alikuwa mfalme. Ni kweli? Na huyu mzee ni wa nani hasa? Ana mikorosho kama 60 Kitangari. Ni mimi, Mpwa mwenye mzigo.

JIBU: Marahaba mpwa. Kwanza hiyo saini yako ningekuwa ndo mjomba wako ningekutafutia bakora, ila nimekuelewa.

Hao watoto wa Dar hawajasema uongo, wamesema jambo la kale kwa faida ya sasa. Huku kwetu, Wamakonde, Wamakua, Wamwera, Wayao, ukoo ulihesabiwa kwa mama. Mwanaume akioa anahamia ukweni, anajenga huko, anawalimia wakwe, watoto wakizaliwa ni wa ukoo wa mke, yeye nguvu yake iko kwa dada zake na watoto wa dada zake, ndo maana neno mjomba huku lina uzito wake. Akizeeka anarudi kwao kwa wapwa na chake kinabaki kwa wapwa. Sasa hao ndugu zako wameikumbuka hiyo mila upande wa kulisha tu, subiri mzee afariki utaona kirikuu imepaki nje wanaulizia mikorosho, hapo watakwambia dini imesema mali ya baba ni ya watoto. Mila wakati wa uji, dini wakati wa kugawana! Na nyie wapwa msicheke, maana mnafanya hivohivo kinyume chake, hizo 60 hujazitaja kwa bahati mbaya.

Twende kwa bibi mkubwa. Ana haki nusu. Mzee wa zamani aliheshimiwa kweli ila heshima ile ilikuwa imeshikiliwa na kitu. Yeye ndo anajua mpaka wa shamba uko mti gani, yeye ndo anatambika mvua ikigoma, bila yeye hakuna jando wala unyago, kungwi na ngariba wote ni watu wazima, kijana hawezi kuoa wala kupewa pori la kulima kabla wazee hawajasema ndio. Kwa lugha ya leo mzee alikuwa maktaba, ofisi ya ardhi na zahanati, vyote kwa mtu mmoja. Utamdharau vipi wakati una shida naye? Mwalimu Nyerere mwaka 1962 aliandika kuhusu ujamaa akamtaja mzee wa aina hiyo, anayeonekana amekaa tu anakula, akasema huyo alishafanya kazi kwa bidii ujanani na ile mali inayoonekana yake si yake peke yake, yeye ni mlinzi wake kwa niaba ya wote. Sawa kabisa. Lakini hapo tunaongelea mzee mwenye watu. Kilwa Kivinje na Mikindani karne ya 19 zilikuwa bandari za watumwa, sasa mtu aliyeletwa kutoka bara ndani huko, akazeekea pale pwani hana dada hana mpwa, huyo alikuwa mfalme wa nani? Bibi hamtaji huyo kwa sababu hakuacha ukoo wa kumsimulia.

Na si sisi tu. Sparta ya Wagiriki wa kale walikuwa na baraza la wazee 28 pamoja na wafalme wawili, huingii mpaka ufike miaka 60 na ukiingia ni mpaka kufa. Warumi wakaita baraza lao seneti, neno lenyewe limetokana na "mzee". Ukisikia hivo utadhani wazee wa huko walikuwa peponi, kumbe hao ni wazee wa familia kubwa, bibi wa mtaani hakuna aliyemwita barazani. Wajapani nao wana hadithi ya kijana anayembeba mama yake mgongoni akamwache mlimani kwa sababu ya njaa, ni hadithi tu, haijathibitika kuwa ilikuwa desturi, ila jiulize kwanini watu walihitaji kuisimulia kizazi hadi kizazi kama kila mzee alikuwa anakula vizuri.

Kuna sheria moja ya Athens, mji mwingine wa Wagiriki hao, naipenda sana, ya Solon mtunga sheria wao, karne ya 6 kabla ya Kristo. Mtoto alilazimika kumtunza mzazi wake, lakini baba ambaye hakumfundisha mwanae kazi yoyote ya mkono, huyo mwana hadaiwi. Nimeileta hapa makusudi mpwa. Huyo mjomba wakati yuko Dar alikulipia ada? Alikuja kwenye msiba wa mama yako? Hunijibu mimi, jibu moyoni. Ila kabla hujashangilia kuwa hakutuma hata mia, hiyo ni Athens, kwetu msahafu umesema wazazi wakifikia uzee usiwaambie hata "ah", haukuuliza walikulipia ada au hapana, na mjomba huku ni mzazi. Wachina wao mwaka 2013 waliweka kabisa kwenye sheria kuwa watoto wanaoishi mbali na wazazi waende kuwaona au kuwasalimia mara kwa mara, ujue mambo yakifika kuandikwa kwenye sheria maana yake yameshaharibika nyumbani.

Sasa cha kufanya, na hapa naiba kidogo kwa wakulima wa Uingereza wa zamani, miaka ya 1200 na 1300 huko. Mzee akichoka kulima alikuwa anamkabidhi kijana shamba, mara nyingine hata si mwanae, mbele ya baraza la bwana mwenye ardhi, na inaandikwa kila kitu: mzee atapewa nafaka kiasi hiki kwa mwaka, chumba au kona karibu na moto, nguo, wengine mpaka kuni. Asipopewa anarudi barazani anashtaki. Walikuwa hawaaminiani hata kidogo hao watu, na ndo dawa yenyewe. Kwahiyo waite watoto wa Dar kwa simu muda huohuo weka spika, wapwa wote wawepo, mwenyekiti wa kijiji awepo, mzee mwenyewe asemee mikorosho yake akiwa na akili timamu. Nani ananunua salfa ya kupulizia, nani anapalilia, anayehudumia anachukua kiasi gani, mzee anabaki na kilo ngapi, na hela ya mnada inaingia akaunti ya nani, maana siku hizi korosho inapita chama cha msingi inalipwa benki na hapo ndo wazee wengi wanapoliwa, simu anashika mjukuu na namba ya siri anaijua mjukuu. Andikeni, kila mtu asaini, mzee atie dole. Wakigoma nendeni kwa afisa ustawi wa jamii wa halmashauri, kazi yake hiyo. Na macho yake mumpeleke hospitali kabla ya yote, kama ni mtoto wa jicho hilo linafanyiwa upasuaji na mtu anaona, mnaweza kuwa mnagombania mzigo ambao ungejitembeza wenyewe.

SWALI: Mjomba habari za kazi. Mimi mwalimu hapa Lindi mjini, mwakani nafika 60 natakiwa kustaafu na bado najiona nina nguvu, nakimbia asubuhi mpaka Mitwero. Hivi nani alikaa akaamua 60 ndo uzee?

JIBU: Salama mwalimu. Hakuna daktari aliyepima akakuta ni 60, ni hesabu za serikali tu. Kwetu kwa mtumishi wa umma hiari ni 55 na lazima 60, na Sera ya Wazee ya 2003 nayo ikachukua hiyohiyo 60. Ujerumani mwaka 1889 enzi za Bismarck, kansela wao, walipotunga sheria ya pensheni ya uzee kwa wafanyakazi waliweka miaka 70, yeye mwenyewe alikuwa na 74 na hakuwa na mpango wa kupumzika, na wafanyakazi wengi walikuwa hawafiki huko, kwahiyo ilikuwa ahadi ya bei rahisi. Wakashusha mpaka 65 mwaka 1916. Uingereza sheria ikapita 1908, hela zikaanza kutoka siku ya mwaka mpya 1909, shilingi 5 kwa wiki kwa mwenye miaka 70, na wanakuchunguza kwanza kama ulifungwa jela au ulikuwa mvivu wa kazi, ukiwa hivo hupati. Kabla ya hapo mzee masikini kwao aliishia kwenye nyumba za kazi za masikini ambako mume analala kwake mke kwake, mpaka 1847 ndo waliozidi 60 wakaruhusiwa kuomba chumba kimoja. Hawa ndo waliokuja kutufundisha ustaarabu eti!

Marekani yao ya 1935 waliweka 65. Mama wa kwanza kulipwa ya kila mwezi, Ida May Fuller, alikuwa amechangia dola 24.75 tu, akaishi mpaka miaka 100, akaondoka na dola zaidi ya 22,000. Nakuombea yawe hayo mwalimu, we endelea kukimbia.

Ila kumbuka una bahati, una kitu cha kustaafu nacho. Mvuvi wa hapo ng'ambo Kitunda hana tarehe ya kustaafu, anastaafishwa na mgongo. Zanzibar tangu Aprili 2016 kila mwenye miaka 70 anapata pensheni hata kama hajawahi kuajiriwa, walianza na shilingi 20,000 kwa mwezi, Lesotho walishaanza toka 2004 na ni nchi masikini kama sisi. Huku bara bado tunasubiri yetu.

SWALI: Shkamoo. Ruangwa hapa. Bibi jirani yetu anaishi peke yake, macho mekundu, watoto wa mtaani wanamkimbia wanasema mchawi na juzi mtu kamrushia jiwe. Mama anasema nisijiingize.

JIBU: Jiingize. Pikia kuni miaka 60 ndani ya kibanda bila dirisha uone macho yako yatakuwa rangi gani, au ni vikope, kope zinageukia ndani zinakwaruza jicho, ni ugonjwa unatibika. Ulaya miaka ya 1450 hadi 1750 waliua watu elfu 40 mpaka 60 hivi kwa uchawi na wengi walikuwa kina mama watu wazima, wajane, wasio na mtu. Kanda ya Ziwa kwetu hapahapa bibi zetu wameuawa kwa macho mekundu. Kumtaja mtu mchawi ni kosa kwa sheria iliyopo tangu 1928, kamwambie mtendaji wa kijiji leo na wewe mwenyewe anza kumpelekea maji, watoto wakikuona unaingia na kutoka mzima watakoma.

SWALI: Mjomba nisaidie nacheka nalia. Nimeolewa na mtu asiye wa huku, tumekuja Mtama kumsalimia babu, babu kaniita "mke wangu" mbele ya mume wangu, akamuuliza "wewe umekuja kufanya nini na mke wangu?" Mume kanuna hajala mpaka sasa.

JIBU: Mwambie shemeji huo ni utani wa babu na mjukuu na yeye sasa hivi anafungwa magoli. Asubuhi aende kwa babu na paketi ya tumbaku, akae chini kwenye mkeka, aseme "mzee mwenzangu, nimekuja tugawane zamu". Babu akicheka chakula kitaletwa chenyewe.