Majani ya mkomamanga yakipukutika Juni, usikimbilie mbolea

Mwezi Juni, baridi inapoanza kuuma Iringa, Mafinga na Njombe, majani ya mkomamanga hugeuka manjano na kupukutika. Wengi wakiona hivyo hushika ndoo na mfuko wa urea, na hapo ndipo mti unapoharibiwa. Mkomamanga hupumzika wakati wa baridi. Kupukutika huko si njaa wala kiu. Mti usio na majani haunyonyi maji mengi, na udongo wa baridi haukauki upesi, kwa hiyo maji hutuama kwenye mizizi. Mizizi ikikosa hewa huoza, na Septemba, wakati wa kuchipua, matawi hubaki makavu.

Maelekezo ya kumwagilia kila baada ya siku tatu huenda yakafaa kwenye joto la Pwani. Nyanda za juu fuata udongo, si kalenda. Chimba kwa panga kina cha sentimita 15 hadi 20, chini ya ncha za matawi, mbali na shina. Chukua udongo wa chini kiganjani, uufinyange kwa nguvu. Donge likishikamana na kuacha kiganja kikiwa na unyevu, subiri. Likimeguka ukiligusa kwa kidole gumba, mwagilia. Usitazame udongo wa juu: Julai umande huulowesha asubuhi, upepo huukausha mchana, na wala haukuambii kilichoko kwenye mizizi.

Chukua mti wenye kivuli cha upana wa mita 2, yaani eneo la mita za mraba 3 hivi. Kuanzia Juni hadi Agosti unatosheka na ndoo moja ya lita 20 kila baada ya wiki tatu au nne. Machipukizi yakianza kuvimba, ongeza hadi ndoo moja kwa wiki. Maua yakitoka na jua la Septemba na Oktoba likikaza, mpe ndoo tatu kwa wiki, zote kwa siku moja, polepole, ndani ya kisahani kilichozunguka mti. Nusu ndoo kila siku huifanya mizizi ibaki juu juu. Matandazo ya nyasi kavu yatunze unyevu, lakini yaache nafasi ya kiganja kimoja kutoka kwenye shina, la sivyo gome huoza.

Mvua nayo ihesabiwe. Milimita 1 ni sawa na lita 1 kwa kila mita ya mraba, kwa hiyo mvua ya milimita 20 imeshaupa mti huu ndoo zake tatu. Ruka wiki hiyo.

Kosa linaloumiza zaidi hutokea katikati ya msimu wa mvua. Tunda huchukua miezi 5 hadi 7 tangu ua hadi kuiva, na ubaridi hulichelewesha. Mvua ikikatika wiki mbili au tatu Januari au Februari, mkulima hudhani mti una akiba ya kutosha. Ganda la tunda hukauka na kuwa gumu. Mvua ikirudi, punje za ndani hufyonza maji na kuvimba kuliko ganda linavyoweza kutanuka, na tunda hupasuka. Katika kipindi hicho cha ukame endelea na maji kila wiki, hata kama mawingu yametanda.

Kuhusu mbolea, uchache ni salama kuliko wingi. Mche wa mwaka wa kwanza upewe visoda vinne vya CAN (mbolea ya chumvichumvi yenye naitrojeni na kalsiamu), kama gramu 20, baada ya kushika vizuri, na urudie wiki sita baadaye wakati udongo una unyevu. Mti wa miaka mitano na kuendelea upewe madebe mawili ya samadi iliyooza vizuri mwezi Agosti, kisha CAN gramu 200 machipukizi yanapofunguka, na gramu 200 nyingine matunda yakifikia ukubwa wa limau. Nyunyiza kwenye mstari wa ncha za matawi, fukia kidogo, mwagilia. Majivu ya kuni huongeza potasiamu, ila usiyachanganye na CAN, urea wala samadi mbichi, kwani naitrojeni hupotea hewani kama amonia.

Baada ya Februari, usiweke naitrojeni tena. Itachochea matawi laini yanayoingia kwenye baridi kabla hayajakomaa, na kule Makete au Njombe jalidi, yaani umande ulioganda, huyaunguza usiku mmoja. Naitrojeni nyingi pia huleta vidukari, majani mengi na maua yanayoanguka.

Lakini si kila ua linaloanguka ni kosa lako. Shika ua na utazame kitako chake: lenye kitako kilichonenepa kama mtungi ndilo linaloweza kuwa tunda. Lenye umbo la kengele, lililochongoka kitakoni, ni la dume na litaanguka hata ukilihudumia vipi. Likianguka la mtungi, chimba uangalie udongo kwanza.