Treni ya Bububu, na maswali yenu ya tramu

Wiki iliyopita nilitaja juu juu tu kwamba Unguja zamani kulikuwa na treni ya kwenda kijiji cha Bububu inapita barabarani katikati ya nyumba za watu, mi nikaona nimemaliza nimeenda zangu kunywa chai, kumbe ndo nimechokoza nyuki. Meseji zimejaa. Nyingi zinauliza kitu kimoja kwa hiyo nimechagua hizi.

Msomaji wa Kibuli: Kampala nayo iliwahi kuwa na tramu? Mzee wangu anaapa aliona reli zimezikwa kwenye lami.

Tramu hapana, ila mzee wako sio muongo. Kule Industrial Area kulikuwa na vijireli vya pembeni vinakata barabara vinaingia moja kwa moja kwenye magodauni, mabehewa yanashushwa mzigo hapo hapo, sasa lami ikiwekwa juu ya reli isiyotumika inabaki kama alivyoona mzee. Tramu ni kitu kingine, hiyo reli yake imelazwa sawa na barabara, yenyewe inabeba watu wa mjini inawashusha kona hii na kona ile, kama taksi zetu za Kampala, yani daladala, ila haiwezi kuhepa shimo.

Na kumbuka Kampala ilichelewa sana kuipata reli ya kutoka pwani. Ilifika Kisumu mwaka 1901, kutoka pale ni meli ziwani mpaka Port Bell, alafu 1915 ndo kikajengwa kipande cha Port Bell kuja Kampala. Reli yenyewe ya kutoka Mombasa imeingia Kampala 1931. Sa wakati sisi tunasubiri meli, Waunguja wameshapanda treni yao na wameshaichoka!

Dada wa Jinja: Hiyo ya Bububu ilijengwa na nani, na ilipita wapi?

Wamarekani. Kampuni ya New York inaitwa Arnold, Cheney, ikaanza kuhudumia watu mwaka 1905. Ilikuwa inatoka mjini pale Ngome Kongwe inaelekea kaskazini mpaka Bububu, maili 7 hivi, na reli yake nyembamba, futi 3 tu toka chuma hadi chuma. Reli yetu ya Uganda ni mita moja, kwa hiyo hii ilikuwa nyembamba kidogo kuliko hata hiyo yetu ambayo watu wanaicheka.

Sasa fikiria Mji Mkongwe ulivyo. Kama umewahi kufika unajua, kuna vichochoro ukikutana na punda mwenye mzigo unabidi uingie mlangoni kwa mtu umpishe. Sa weka hapo injini ya moshi. Sio kwamba ilipita kila kichochoro, hapana, ila kwenye mitaa iliyopita ilikuwa karibu na kuta kweli kweli, na hizi injini hazitoi moshi peke yake, zinatoa na cheche, kwa hiyo uko ndani umevaa kanzu yako nyeupe ya Ijumaa, ukishuka ina vitundu. Lakini watu walipanda! Tena mabaharia na abiria wa meli zilizotia nanga walikuwa wanaambiwa wakiwa na masaa machache waende wapande waone mashamba ya minazi na mikarafuu, yani utalii wa siku moja kabla neno lenyewe halijazoeleka.

Mwaka 1911 serikali ikaichukua.

Mjukuu wa Bombo: Babu anasema Bububu imeitwa hivyo kwa sababu ya mlio wa treni, bu bu bu. Ni kweli?

Babu muachie utamu wake, lakini hapana. Bibi Salme, binti wa Sultani Seyyid Said, aliyekimbilia Aden akaolewa huko na Mjerumani, kisha akahamia Ujerumani, alichapisha kumbukumbu za maisha yake mwaka 1886 na ndani yake anapataja Bububu, alishawahi kukaa huko. Treni imekuja 1905. Mtoto hawezi kumpa jina mama yake. Wenyeji wengine wanasema ni mlio wa maji ya chemchemi yanavyobubujika, na hiyo kwangu inakaa vizuri zaidi maana Bububu maji yapo.

Msomaji wa Mbale: Nilisikia treni ya kwanza Zanzibar ilivutwa na nyumbu. Utani huu?

Sio utani. Hiyo ni nyingine kabisa, ya Seyyid Barghash, kutoka kwenye jumba lake mjini kwenda Chukwani, mwaka 1879. Mwanzo nyumbu ndo wanavuta, 1881 ikaletwa injini ndogo kutoka Uingereza. Sultani akafariki 1888 na treni ikafa naye, ilikuwa ya mwenyewe bwana.

Yuleyule wa Kibuli tena: Sa kama watu waliipenda hiyo ya Bububu, ilikufaje?

Barabara. Magari yaliingia, barabara ya kwenda Bububu ikatengenezwa vizuri, na gari linakuchukua mlangoni kwako linaondoka likijaa, treni inakusubirisha stesheni. Abiria waliacha kubebwa 1922. Haikung'olewa hapo hapo, iliendelea kubeba mawe ya kujazia bandarini mpaka 1928 hivi. Mi hiki kipande ndo kinaniuma kidogo, kitu kimebeba watu wa Ijumaa na mabibi wa sokoni alafu mwisho wake kinabeba kokoto.

Kijana wa Kireka: Mi napanda treni ya Namanve kila asubuhi. Na hii itakufa?

Banange, unanitisha. Treni za abiria huku kwetu zilikufa kweli mwishoni mwa miaka ya 1990, hii ya Kampala kwenda Namanve ikaanza Desemba 2015. Lakini angalia tofauti: Bububu iliuawa na barabara iliyo wazi, ya Namanve imezaliwa na barabara iliyoziba. Nimeipanda mara moja, nimekaa dirishani, tunapita nyuma ya vibanda, mama anaosha sufuria hatua mbili toka kwenye reli hata hainui kichwa, na nikijua kule Jinja Road jam imesimama, kondakta wa taksi anaita abiria wa kujaza gari ambalo haliendi popote. Siku hiyo barabara ikifunguka ndo uanze kuogopa. Mi sioni ikifunguka leo wala kesho.

Na wa mwisho, wa Arua: Nikienda Unguja nitaona nini kilichobaki?

Kidogo. Nenda Ngome Kongwe, pale ndo palitumika kama karakana ya hiyo reli, sasa hivi wanauza vinyago. Alafu toka panda daladala namba 502, kaa upande wa bahari. Njia ni ileile.