Kwa baba mwenye mtoto anayetaka kuwa mshambuliaji wa hoki ya barafu: niliyoyaona Calgary

Kaka, umeuliza kama mwanao wa miaka 9, aliyezaliwa hapo Edmonton, anaweza kufika NHL, ligi kuu ya hoki ya barafu ya Marekani na Kanada, akicheza mbele, na njia yenyewe ikoje. Naona wachangiaji wengi wamekuambia huo ni mchezo wa wazungu wenye hela, umpeleke kwenye soka. Mimi ni mtu wa Tanga, naishi Calgary, huku huku Kanada, tangu Novemba 2001. Mwanangu wa kwanza amecheza winga ya kulia toka ana miaka 7 mpaka 20. Hakufika NHL, lakini sehemu kubwa ya njia nimeiona kwa macho yangu, na yupo mmoja aliyefika ambaye nimemfuatilia miaka yote hiyo. Nianze na huyo.

Jarome Iginla. Baba yake ni Myoruba kutoka Nigeria, na jina hilo kwa Kiyoruba maana yake ni mti mkubwa. Kazaliwa hapo hapo mjini kwenu mwaka 1977, kalelewa St. Albert na mama yake pamoja na babu na bibi, ambao ndio walikuwa wakimpeleka uwanjani. Alianza akiwa golikipa. Mwenyewe amesimulia kwamba watoto wenzake walimuuliza atafikaje NHL wakati weusi ni wa kuhesabu, naye akawa anawajibu kwa jina moja: Grant Fuhr, golikipa mweusi wa Edmonton Oilers, timu iliyokuwa ikibeba makombe miaka hiyo. Kwa hiyo mwanao akiulizwa swali hilo shuleni, na ataulizwa, awe na jina la kujibu.

Msimu niliofika mimi, Iginla alifunga magoli 52 na kuongoza ligi nzima. Nilikuwa nasafisha ofisi usiku, sijui hata paki, kile kisahani kigumu kinachopigwa badala ya mpira, ni kitu gani, ila kila jengo niliingia nikakuta picha yake. Mwaka 2004, akiwa nahodha, aliifikisha Calgary Flames fainali ya Kombe la Stanley, kombe la bingwa wa NHL, dhidi ya Tampa Bay. Mwanangu alikuwa na miaka miwili, kalala mapajani mwangu. Mchezo wa tano ukaenda muda wa nyongeza. Sasa uelewe jambo hili: mshambuliaji hakai uwanjani dakika nyingi mfululizo. Timu huvalisha washambuliaji 12, laini nne za watu watatu watatu, na kila laini inaingia kwa zamu ya sekunde 40 hadi 50 hivi, inakimbia kufa na kupona, inatoka. Usiku ule Iginla alibaki uwanjani muda mrefu kuliko zamu ya kawaida. Helmeti ikamtoka kichwani, akaendelea bila helmeti, akagombania paki ukutani, akapiga, kipa akaokoa, na mwenzake Oleg Saprykin akamalizia. Watu wa hapa mpaka leo wanaiita "ile zamu", na kila mtu anajua ni ipi. Halafu Flames wakapoteza mchezo wa sita nyumbani, na wa saba wakafungwa 2-1 kule Tampa. Nililia kama nimefiwa.

Nimekusimulia hayo kwa sababu ndiyo kazi ya mshambuliaji ilivyo. Magoli tunayaona kwenye televisheni, lakini mkate unapatikana kwenye kona na mbele ya goli, mahali unapogongwa mgongoni ukiwa huna hata paki. Kocha mmoja wa mwanangu aliniambia skauti, wale wasaka vipaji, wanapokuja hawamwangalii mtoto anapofunga, wanaangalia anafanya nini sekunde tatu baada ya kunyang'anywa. Anageuka kukimbiza, au anaangalia juu kumtafuta mwamuzi? Tangu siku hiyo nikaacha kuhesabu magoli ya mwanangu.

Njia ya huku magharibi ya Kanada ni hii. Mtoto akifika miaka 14 au 15, timu za WHL, ligi ya vijana wa miaka 16 hadi 20, huchagua majina. Akichaguliwa na kusajiliwa, anahama nyumbani, anakwenda kuishi na familia ya watu katika mji mwingine huku anasoma. Iginla alikwenda Kamloops, akashinda Kombe la Memorial, kombe la ligi za vijana, 1994 na 1995. Mwaka huo wa 1995 Dallas Stars wakamchukua wa 11 kwenye uteuzi wa NHL, yaani siku timu zinapochagua vijana kwa zamu, na Desemba wakambadilisha na Calgary kwa mchezaji wao Joe Nieuwendyk kabla hajawachezea hata mechi moja. Ana miaka 18. Mwambie mwanao mapema kwamba ukishakuwa wa kulipwa, mwajiri anaweza kukuhamisha mji leo jioni.

Zamani palikuwa na mtego mkubwa hapo: kijana akicheza WHL, vyuo vya Marekani vinamfungia mlango wa hoki. Tuliumiza vichwa sana na mume wangu juu ya hilo. Tangu Agosti 2025 mlango umefunguliwa, anaweza kupita WHL kisha akaenda chuo. Na WHL yenyewe humlipia mchezaji wake mwaka mmoja wa masomo kwa kila msimu aliocheza. Kwa mzazi wa Kiafrika hiyo si habari ndogo.

Wangu hakuchaguliwa mwaka 2017. Alipofika miaka 16 timu moja ikamwita kambini kujaribiwa, siku ya nne wakamwita ofisini, dakika tano, kwaheri. Tuliendesha saa tatu kurudi nyumbani, hakusema neno. Nilimkaangia mihogo usiku ule na akala yote, nikajua atapona. Akacheza daraja la chini yake mpaka miaka 20, sasa ni fundi umeme, na Jumamosi anafundisha watoto.

Kuna kosa langu moja ambalo linaniuma hadi leo. Miaka mitatu ya kwanza nilimnunulia viatu vya barafu vikubwa ili avikulie, kama tunavyofanya sare za shule kwetu. Kifundo cha mguu kikawa kinacheza ndani ya kiatu, akajifunza kuteleza vibaya, na kumrekebisha kulichukua miaka. Viatu vya barafu huvaliwa namba moja au moja na nusu chini ya raba. Nunua vilivyotumika kama hela haipo, ila viwe vya kumbana mguu sawasawa. Kila kitu kingine kinaweza kusubiri.

Na maneno ya ubaguzi yatakuja. Sisi yalitupata kwenye mji mmoja mdogo, mzazi wa timu pinzani akipayuka kutoka jukwaani, mtoto ana miaka 11. Niliinuka nikaenda kukaa mstari mmoja naye, nikimtazama tu, mpaka kipenga cha mwisho. Mwanangu aliniona. Usimwache mwanao aende peke yake uwanja wowote.

Umeuliza pia mwisho wake. Iginla alicheza misimu 20, mechi 1,554, magoli 625. Mwaka 2013 aliondoka Calgary kulitafuta kombe: Pittsburgh, Boston, Colorado, Los Angeles. Hakulipata kamwe. Alipata dhahabu mbili za Olimpiki, 2002 na 2010, na ile ya pili pasi ya goli la ushindi la mwenzake Sidney Crosby ilitoka kwake, akiitoa huku anaanguka. Mwanangu alikuwa na miaka 7, ndiyo kwanza ameanza, na usiku ule alilala na fimbo kitandani. Mwaka 2024 timu ya Utah ilimchukua Tij, mtoto wa Iginla, wa 6 kwenye uteuzi wa NHL.

Nina viatu vya mwanangu gereji, namba nne tofauti, bado vizima. Helmeti sitakupa, muda wake wa usalama umeisha. Mpime mwanao mguu kwa sentimita, kisigino mpaka kidole kikubwa, jioni, amesimama, uniandikie humu ndani. Kijana wangu anakuja Edmonton mwisho wa mwezi.